Kifuniko Chekundu Ukutani kwa Kukhu

Binti yangu amechora sakafu yote kwa chaki. Aliokota vipande shuleni, akaja navyo mfukoni, na nilipofungua mlango nikitoka kazini nilisikia harufu kabla sijaona michoro. Ile harufu kavu ya vumbi, inayokwama nyuma ya koo. Ningepiga deki tu ninyamaze. Lakini jirani yangu, mwanamke wa maombi, alikuwa amekuja kurudisha sufuria yangu na hakutaka kuvuka kizingiti. Akaniambia polepole kwamba huyu mtoto nimwangalie vizuri, kwa sababu anachora alama na anaongea na ukuta, na siku hizi roho chafu ni nyingi. Nikachukua sufuria yangu mkononi mwake nikafunga mlango. Nilifunga kwa nguvu. Sijutii.

Nyinyi wa rika langu mliolelewa mpakani mnajua maneno kama hayo yanaweza kufika wapi. Mimi niliwahi kumwogopa mtu aliyenipenda kuliko wote hapa duniani, na sababu ilikuwa chaki tu, na midomo ya watu wazima.

Tulikuwa tunakaa Malaba kwa Mjomba Wandera, kaka ya mama yangu. Mama alikuwa amevuka kwenda Kampala kutafuta maisha, akaniacha na kukhu, yaani nyanya yangu, mama yao wote wawili. Na kukhu mwenyewe alikuwa amehifadhiwa pale na mwanawe. Nasema amehifadhiwa kwa sababu ndilo neno mjomba alilolitumia mbele ya wageni. Mjomba alikuwa agenti wa kupitisha mizigo mpakani, mtu wa simu kiunoni na kalamu kwenye mfuko wa shati, na watu walimwita boss hata kanisani. Ploti yake ilikuwa nyuma ya gesti moja kando ya barabara, na foleni ya matrela ilisimama mbele yetu mchana kutwa, injini zikiwaka. Ukiweka kikombe cha chai mezani unaona chai inatetemeka. Sisi wawili tulipewa chumba cha mwisho, jirani na choo.

Nilikuwa darasa la pili na tulitoka shule mchana. Siku hiyo mwalimu alituachilia mapema. Mke wa mjomba, tuliyemwita Mama Wafula, alikuwa ameenda sokoni na mtoto wake mgongoni. Nikakuta mlango wetu umerudishwa tu, haujafungwa, na kabla sijausukuma nikaona ndani kupitia ufa.

Kukhu alikuwa amesimama katikati ya chumba bila viatu. Chini ya miguu yake kulikuwa na msalaba uliochorwa kwa chaki. Alikuwa amenyooka. Huyu mwanamke niliyemjua akitembea ameshika kiuno, akilalamikia magoti, alikuwa amenyooka kama mlingoti wa bendera. Ukutani mbele yake, usawa wa macho, palikuwa na kifuniko cha soda, chekundu, kimepigiliwa msumari. Na kukhu alikuwa anakichekea. Si kucheka kwa sauti, ni tabasamu la meno yote, lile unalompa mgeni aliyekuja kutoka mbali. Macho hayakupepesa. Midomo ilikuwa inaenda, na sauti ilikuwa nyembamba kama uzi, sikuweza kuisikia vizuri kwa sababu ya matrela. Halafu akainamisha kichwa kidogo, akakiambia kifuniko, "Karibuni nyote. Asanteni kwa kutukaribisha nyumbani kwenu." Kisha akanyamaza. Alinyamaza muda mrefu huku akiendelea kutabasamu, mabega yakicheza kidogo kidogo kama mtu anayeguswa na mkono usioonekana. Halafu akaanza tena.

Alipomaliza alichukua kitambaa chenye maji akafuta msalaba. Akatundika kitenge chake kwenye ule msumari, kifuniko kikafichika. Akashika kiuno, akawa kukhu tena. Akaniita ndani nile viazi.

Nilijua nimeona nini. Kila mtoto wa Malaba angejua. Mtu anayechora alama chini, anayesalimia watu wasiokuwepo na kuwashukuru kwa nyumba yao, huyo anaongea na wafu au na wale wanaowatuma. Na nilijua pia watu kama hao hufanywa nini, kwa sababu mwezi uleule, kwenye foleni ya maji, wamama walikuwa wakisimulia juu ya bibi mmoja wa upande wa Chakol aliyesikika akiongea peke yake jikoni. Walisema paa lake liliwaka saa sita mchana na watu wakiangalia. Waliyasema hayo huku wanasukumana na mitungi na kucheka. Hawakuona kwamba kuna mtoto amesimama hapo na mtungi wake mdogo.

Basi nikawa na hofu mbili. Nilimwogopa kukhu, na nilimwogopea kukhu. Usiku nililala nimekunja miguu ili isimguse. Alikuwa akinipaka mafuta shingoni nami nimekaza mwili wote kama ubao, nikiwaza hivyo vidole vimeshika nini. Lakini mchana, akianza mambo yake, nilikaa mlangoni kulinda. Nikimwona Mama Wafula anaingia getini, nakohoa. Nilikohoa sana majuma hayo. Na kukhu, maskini, akafikiri nina kifua. Akanichemshia majani ya mkaratusi, akanifunika blanketi juu ya sufuria, akaniambia nivute mvuke nisiogope. Nililia humo ndani mpaka akaniuliza kama maji ni moto sana.

Jambo lingine sikulielewa. Jumapili redio ikicheza nyimbo za zamani, zile zenye matarumbeta mengi, mjomba alikuwa anainuka anaizima. Hata kama kuna wageni. Alikuwa na maneno yake yaleyale, kwamba hapa kwake hakuna bendi. Kukhu aliendelea kuchagua maharagwe, kichwa chini. Nikaamua kwamba mjomba anajua, na kwamba ndani ya zile nyimbo ndimo wanamokaa hao watu wa ukutani.

Halafu Wafula akaugua. Alikuwa bado ananyonya. Joto lilianza asubuhi, na kufikia mchana alikuwa analia bila machozi. Mama Wafula akaja mbio chumbani kwetu kutafuta blanketi. Kukhu alikuwa ametoka ghafla, ameitwa na mjumbe wa kanisa getini, akatundika kitenge haraka, na kwa mara ya kwanza hakufuta msalaba. Mama Wafula akavuta kitenge ukutani amfunike mtoto, na kifuniko kikamtazama. Akaangalia chini. Alikuwa amekanyaga katikati ya msalaba.

Hakupiga kelele. Ningependa angepiga. Alitoka kinyumenyume, polepole, amemkumbatia mtoto, na akaenda moja kwa moja kwa Mama Mchungaji, mke wa mchungaji wetu.

Jua lilikuwa bado kali wakati uwanja wetu ulijaa. Wamama wa ushirika walikuja na leso vichwani, wengine na Biblia. Wakaja madereva waliochoka na foleni, wakaja watu wa gesti. Mjomba aliitwa kutoka mpakani, akaja na makaratasi ya mizigo bado mkononi. Kukhu aliwekwa mbele ya mlango wa chumba chetu. Mimi nilikuwa nimejibana kati ya pipa la maji na ukuta, na hakuna aliyenikumbuka.

"Mama, hii ni nini?" mjomba akauliza.

"Ni chaki."

"Chaki naona. Ya nini?"

Mama Wafula akamkata. "Baba Wafula, wacha kuuliza chaki. Mtoto anawaka moto hapa, na huyu ako na alama kwa nyumba yangu. Mimi nione nini tena?"

Mama Mchungaji alikuwa na sauti ya upole, na hiyo sauti ndiyo ninayoisikia mpaka leo nikikasirika. "Sisi hatuna ubaya na wewe, mama. Sema tu, huko ndani unaongeanga na nani?"

Utingo mmoja aliyekuwa amekalia gurudumu getini akasema kama wanachoma wachome mapema, yeye gari lake likisogea atakosa kuona. Watu wakacheka. Nikasikia kitu cha moto kinashuka miguuni mwangu, nikajua nimejikojolea. Nilitaka kusema yeye hunipaka mafuta tu, hufanya dawa ya kifua, hupika viazi. Nilitaka kusema kitu chochote.

Kukhu hakuwaangalia wamama. Alimwangalia mwanawe. "Wandera," akasema, "wewe unajua. Waambie."

Mjomba alikunja makaratasi yake. Akayakunjua.

Hapo ndipo hasira yangu ilipozaliwa, ingawa nilikuwa mdogo mno kuipa jina. Neno moja tu lilitakiwa, naye alikuwa nalo mdomoni. Lakini akilisema, boss wa Malaba, mzee wa kanisa, anakuwa mtoto wa mwanamke wa bendi, na nyinyi mnajua mwanamke wa bendi anaitwa nani kwa lugha yetu. Akaona afadhali mama yake awe mchawi.

Kukhu alingoja. Alipoona hakuna kitu kinakuja akawageukia watu. "Sawa. Niliimba bendi," akasema, wazi, kila mtu asikie. "Bendi kubwa, ya Nairobi. Na niliimba kwa televisheni, wakati televisheni yenyewe ilikuwa ngeni. Hiyo ndiyo siri yangu. Nafanya mazoezi."

Kicheko kilichofuata kilikuwa kibaya kuliko cha kwanza.

"Televisheni," akasema Mama Mchungaji. "Na leo unaimbia kifuniko ya soda."

Kukhu akageuka akaingia ndani. Aliacha mlango wazi. Akavua ndara, akasimama juu ya msalaba, akanyooka. Akakitazama kile kifuniko na lile tabasamu likaja, lilelile, na nikaona wamama wa mbele wakirudi nyuma wakikanyagana. Halafu akaimba. Si ule uzi niliouzoea. Sauti ilitoka imejaa, nzito chini, laini juu, na haikuonekana kumgharimu kitu. Ulikuwa wimbo wa mwanamke anayemngoja mtu stesheni, na kila gari la moshi linalofika si lake. Hata madereva wakasogea karibu. Mimi nilikuwa nimefumba macho nikingoja ukuta ufunguke.

Akafika mahali akakoma. Katikati kabisa. Akabaki amesimama, anatabasamu, macho wazi hayapepesi, mabega yakicheza kidogo kidogo. Mtu akanong'ona kwamba yamempanda. Mama Mchungaji akainua Biblia. Nilisikia mawe yakiokotwa. Sijui kama ni kweli, lakini nilisikia.

Na kutoka nyuma ya ua, upande wa barabara, kukaja sauti ya mtu mzima akifanya tarumbeta kwa mdomo. Paa, pa-paa, parapapa paa. Alikuwa Mzee Okiring, jirani yetu wa kabila la Wateso, ambaye sikuwahi kumwona akifanya lolote ila kukaa na kulalamikia vumbi la matrela. Alikuwa amejikinga mdomo kwa ngumi, macho amefunga, kiuno kinazunguka. Akajaza pale palipokuwa wazi mpaka mwisho, na tarumbeta lake lilipoisha tu kukhu akaingia na ubeti uliofuata, papo hapo, kama mlango unaofungwa vizuri.

"Mbona mnamwogopa?" Mzee Okiring akawaambia watu, akihema. "Hapo ni nafasi ya tarumbeta. Anawangojea. Mimi hii nilicheza na marehemu mke wangu mpaka soli ya kiatu ikatoka."

Mtu mmoja akacheka, safari hii vizuri, na nikaona mabega ya watu yakishuka. Nilidhani imeisha. Lakini kukhu, ubeti ukiwa haujamalizika, aligeuza kichwa. Aliacha kifuniko, akaacha msalaba, akatoka nje mbio bila viatu. Alikuwa amesikia kitu ambacho mama mtu, katika hayo yote, hakukisikia. Wafula alikuwa amenyamaza. Alikuwa amekakamaa mikononi mwa mama yake, macho yamegeuka meupe, mkono mmoja unaruka.

"Leta huyu mtoto," kukhu akasema. "Mchana wote mnatafuta mchawi na mtoto ana malaria."

Mama Wafula akamwachilia. Yule aliyemwita mchawi, akampa mtoto. Kukhu akapanda nyuma ya baiskeli ya boda boda, amembana Wafula kifuani, na jamaa akapiga pedali kando ya foleni ya matrela akipuliza filimbi watu wapishe. Mama Wafula akapanda ya pili. Mzee Okiring akanishika mkono, suruali yangu ya shule imelowa, hakuuliza kitu, tukawafuata kwa miguu.

Tulipofika kituo cha afya Wafula alikuwa amewekewa dripu na degedege limekatika. Nesi alikuwa amewafokea wote bila kuchagua, kwamba wangechelewa kidogo wangeleta maiti. Mama Wafula alikuwa ndani na mtoto. Kukhu alikuwa kwenye benchi la nje, miguu imejaa vumbi jekundu. Mjomba alikuwa amesimama mbali kidogo ameegemea nguzo, makaratasi yake yamerowa jasho.

Nikakaa kando ya kukhu. Sikumkaribia sana. Nikamuuliza lile swali lililokuwa limenikaba majuma yote hayo, kwamba huwa anamsalimia nani.

Alinitazama akaona. Aliona kila kitu kwa mara moja, kukohoa, miguu iliyokunjwa, kile kilio ndani ya blanketi. Uso wake ukavunjika. Akanivuta karibu na akanieleza polepole, kama mtu anayemenyea mtoto chungwa.

Alisema alichukuliwa kutoka kwaya ya kanisa kwao Busibwabo akiwa msichana aliyekwisha kumzaa Wandera, na shangazi aliyekuwa Nairobi. Huko akasikiwa na wanaume waliokuwa na bendi yenye tarumbeta na saksafoni safu mbili, wote na makoti ya rangi moja, akawa anasimama mbele yao kila wikendi hotelini watu wakicheza. Halafu ikaja televisheni, na wenye televisheni hawakuwa na vitu vya kutosha kujaza jioni, kwa hiyo walikuwa wanaita bendi. Wakampa masharti. Asivae nyeupe, inaunguza picha. Asitoke kwenye alama ya chaki, akitoka anapotea gizani. Na awe anatazama taa nyekundu iliyo juu ya kamera, aitabasamie hata wakati tarumbeta zinapiga naye hana la kuimba, kwa sababu taa ikiwaka ujue watu wako hapo nyuma yake, majumbani kwao.

"Uliwaona?" nikauliza.

"Hapana. Hata mmoja. Unasalimia tu."

Akasema nyimbo hizo zilikwenda hewani zikaisha, hakuna aliyeziweka. Magitaa yakaja, bendi kubwa ikawa mzigo, tarumbeta zikauzwa moja moja. Wakamwambia watamwita. Ndiyo maana anajinoa, wasije wakamkuta ana kutu. Nimetafuta mtandaoni, usiku na mchana, sijapata hata kivuli chake. Zaidi ya miaka kumi ya kazi ya mwanamke, na hakuna.

Mjomba alikuwa amesogea. Sikujua amesogea saa ngapi. Alikuwa nyuma ya benchi letu.

"Mimi nilikuona," akasema.

Kukhu hakugeuka.

"Misheni ya Busia. Padri alileta televisheni ukumbini, kukhu wangu, mama yako, akanibeba mgongoni kutoka nyumbani nikuone, kwa sababu tangu uende hujarudi. Watoto wote walikuwa wamekaa chini. Ukatokea." Alikuwa anaongea kama mtu anayesoma risiti, bila kupandisha wala kushusha. "Ukanitazama. Mimi. Ukanichekea. Nikasimama nikakuita, mama. Ukumbi mzima ulinisikia. Ukaendelea kuimba. Nikakuita tena, ukacheka tena, halafu wakakutoa. Watoto waliniimbia hiyo mpaka nikamaliza shule."

Matrela yalikuwa yananguruma huko barabarani. Ndani Wafula alianza kulia, kilio cha kawaida, cha njaa, na nikamsikia mama yake akimbembeleza.

"Nilikuwa naangalia taa, baba," kukhu akasema.

"Sasa najua."

Nataka muelewe kwamba sijamsamehe mjomba. Mtoto aliyeumizwa hana ruhusa ya kukua aje amwache mama yake mbele ya watu wenye mawe. Nimemwambia hivyo usoni, nikiwa mtu mzima. Wamama wa ushirika nao hawakuomba radhi hata siku moja. Krismasi iliyofuata walimtuma mtu amuulize kukhu kama anaweza kufundisha kwaya.

Lakini hapo kwenye benchi nilikuwa mtoto na nilikuwa bado naogopa, kwa hiyo nilitazama tu. Mjomba alizunguka akaja akachuchumaa mbele yake, na suruali yake nzuri ikagusa vumbi. Kukhu akamshika kidevu, akamwinua uso. Nilingoja acheke, kwa maana nilijua anavyoweza. Hakucheka. Alimtazama mwanawe macho kwa macho, machozi yakimshuka bila kufutwa, na alipopepesa alipepesa kama mtu yeyote, na hakuna hata mmoja wao aliyeondoka mpaka nesi alipokuja kusema mnaweza kuingia.